Visiwa vya Nchi Kavu

Husemwa kwamba hadithi nzuri huzaliwa kisiwani, na neno hilo lina kweli nyingi ndani yake. Kisiwa kina mipaka iliyo wazi. Hapa pana nchi, pale pana maji, na mtu awaye yote afikaye huonekana akifika, wala hawezi kuondoka pasipo chombo. Kwa hiyo msimuliaji hupewa bure mambo matatu anayoyahitaji: mahali palipotengwa, mgeni anayeingia, na shida ya kutoka. Akishayapata hayo, hadithi huanza kwenda yenyewe kama mtumbwi uliosukumwa majini.

Waingereza walilitambua jambo hili zamani. Daniel Defoe alipotaka kuonyesha jinsi mtu mmoja awezavyo kuishi kwa kazi ya mikono yake, alimtupa Robinson Crusoe kisiwani, katika kitabu kilichotoka mwaka 1719. Jonathan Swift naye, mwaka 1726, alimpeleka Gulliver katika visiwa vya watu wafupi kama kidole, apate kuwacheka wakubwa wa nchi yake pasipo kuwataja. R. L. Stevenson aliificha hazina yake kisiwani mwaka 1883. Wengi waliopita shuleni katika Kenya wamevisoma vitabu hivyo, au wamesikia habari zake kutoka kwa waliovisoma.

Wala Afrika ya Mashariki haikuwa nyuma katika jambo hili. Kisiwa cha Mombasa, ambacho wenyeji hukiita Mvita, kina hadithi ya malkia Mwana Mkisi na ya Shehe Mvita, ambao kwao wenyeji huuhesabia mwanzo wa mji. Kisiwa cha Pate kinakumbukwa kwa habari za Fumo Liyongo, shujaa ambaye silaha za kawaida hazikumdhuru, hata mfalme wa Pate alipompata mwanawe mwenyewe amchome kitovuni kwa sindano ya shaba. Katika Ziwa Victoria kuna visiwa vya Ssese, ambavyo Waganda walivihesabu kuwa makao ya Mukasa, mwenye ziwa. Na katika kisiwa cha Ukerewe aliishi Aniceti Kitereza, aliyemaliza mwaka 1945 kuandika kwa Kikerewe kisa kirefu cha Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka. Kisa hicho kilikaa bila kuchapwa miaka mingi, mpaka kilipotokea kwa Kiswahili mwaka 1980, mwaka mmoja tu kabla ya kufa kwake.

Sasa na aulizwe mtu wa Kitui, au wa Makueni: wewe una kisiwa gani? Hapana shaka atacheka. Atajibu kwamba kwao hakuna bahari wala ziwa. Mto Tana hupita pembeni, na Athi hupita katikati, lakini mito mingine, kama Tiva na Thua, ni mito ya mchanga kwa sehemu kubwa ya mwaka, na mwenye kiu hufukua kwanza ndipo anywe. Mtoto wa Mutomo akiambiwa na mwalimu aandike insha juu ya kisiwa, hana budi kukopa kisiwa cha watu wengine kutoka kitabuni, na pamoja nacho akope minazi, mashua na wanyang'anyi wa baharini ambao hajapata kuwaona.

Walakini jibu hilo la kicheko halikupimwa vema. Yafaa msomaji apande Mbooni au Kilungu asubuhi mapema, wakati wa baridi, kabla jua halijapata nguvu. Chini ya miguu yake ataona ukungu mweupe umetanda uwandani kama maji yaliyotulia, na juu ya ukungu huo vilele vimesimama peke yake, kimoja hapa, kingine kule. Ukungu ukiisha kuondoka, uwanda wa miiba na vumbi hubaki ukitenga kilima na kilima, na mtu aendaye kwa miguu kutoka kimoja hadi kingine hufunga safari kama baharia, akichukua maji yake pamoja naye.

Wenye elimu ya miamba waliona vivyo hivyo. Mjerumani mmoja, Wilhelm Bornhardt, alisafiri katika nchi ambayo leo ni kusini ya Tanzania, akaona milima ya mawe iliyosimama peke yake juu ya uwanda, nayo haina vilima vya kuitangulia. Katika kitabu chake cha mwaka 1900 aliiita kwa neno la Kijerumani ambalo maana yake ni milima-visiwa. Neno hilo limeenea duniani kote, na wataalamu wa nchi nyingi hulitumia mpaka leo. Basi yafaa wenyeji wajue kwamba neno hilo lilitungwa kwa kuitazama nchi ya Afrika ya Mashariki. Sababu ya milima hiyo ni nyepesi kueleweka na mkulima. Mvua na upepo wa miaka isiyohesabika viliondoa udongo na mawe laini, na jiwe gumu likabaki. Mkulima ambaye shamba lake limechukuliwa na maji akaona mashina ya miti yamesimama juu ya ardhi iliyoliwa, ameona jambo lilo hilo kwa udogo.

Lipo na ajabu jingine, nalo ni Yatta. Ukuta huu mrefu wa mawe, wenye urefu wa kilomita 300 hivi, unaofuatana na mto Athi, ulikuwa hapo kwanza mto wa moto. Mawe yaliyoyeyuka yalitiririka ndani ya bonde la kale, yakapoa, yakawa magumu kuliko kingo zake. Baadaye kingo zilikwisha kwa mmomonyoko, na kilichokuwa chini kikawa juu. Msimuliaji wa ngano hangeweza kubuni mgeuko mkubwa kuliko huo.

Kwa hiyo Ukambani ina visiwa, na visiwa hivyo vimefanya kazi ile ile ambayo visiwa vya baharini vimefanya kwa watu wa pwani. Cha kwanza ni Nzaui, katika Makueni. Wazee husimulia kwamba Mulungu aliwashusha mtu na mkewe kutoka mawinguni, pamoja na mifugo yao, akawaweka juu ya jiwe la Nzaui. Wengine husema kwamba watu wa kwanza walitoka katika tundu la mwamba. Wote wawili, mwenye kusema mawingu na mwenye kusema tundu, huonyesha jiwe lile lile, na juu yake alama zisemwazo kuwa nyayo za watu na za ng'ombe. Husimuliwa tena kwamba uzao wao ulipoongezeka na mali ikazidi, walisahau kutoa sadaka, na njaa kubwa ikawatawanya huku na huku, wakawa makabila mbalimbali. Mambo yote ya hadithi ya kisiwa yamo humu: mahali pa mwanzo palipotengwa, neema, kosa, na safari ya kuondoka isiyo na marejeo.

Mbooni nayo ni kisiwa cha kimbilio. Wanahistoria waliokusanya habari za wazee wanaona kwamba Wakamba walipotoka upande wa Kilimanjaro walipita Kibwezi na Nzaui, wakafika katika milima ya Mbooni yapata karne ya 17. Huko juu palikuwa na mvua na chemchemi, na ardhi iliyokubali mtama na maharagwe. Uwandani palikuwa na malisho na nyama ya kuwindwa, lakini palikuwa pia na simba, na Wamasai waliokuja kutwaa ng'ombe. Watu walishuka kwa kazi wakapanda kwa kulala, kama wavuvi washukavyo baharini wakarudi pwani. Hapo baadaye, nafasi ilipokuwa ndogo, wengine walihamia Kilungu na Iveti, na wengine walivuka Athi wakaingia Kitui. Basi mtu asemaye kwamba babu zake walitoka Mbooni husema neno la fahari, kama vile watu wa pwani wasemavyo kwamba asili yao ni Pate au Lamu.

Kisiwa cha tatu ni kidogo kwa umbo, bali kikubwa kwa sifa. Ni jiwe la Nzambani, karibu na mji wa Kitui. Husemwa kwamba mtu akilizunguka mara saba, mwanamume atageuka mwanamke, na mwanamke atageuka mwanamume. Wageni hulicheka neno hilo, na wenyeji hulicheka pamoja nao. Lakini ni wachache waonekanao wakiumaliza mzunguko wa saba. Jambo la kuangalia hapa si kwamba watu wanasadiki au hawasadiki. Ni kwamba hadithi imelizungushia jiwe mpaka usioonekana, kama maji yanavyokizunguka kisiwa, na aufikiaye mpaka huo hujiuliza mara mbili kabla ya kuuvuka.

Tena kisiwa hakikamiliki pasipo safari. Katika karne ya 19 Wakamba walikuwa wafanyabiashara hodari wa pembe za ndovu, na misafara yao ilitelemka hadi Mombasa. Watu waliozaliwa juu ya visiwa vya mawe wakaona kisiwa cha maji, wakarudi na kaniki, shanga na habari. Mmoja wao alikuwa Kivoi wa Kitui, ambaye jina lake lilijulikana njia nzima. Mmisionari Johann Ludwig Krapf alikuwa mgeni wake mwaka 1849, na tarehe 3 Desemba mwaka huo, akiwa Kitui, aliuona mlima Kenya wenye theluji, ambao Kivoi alikuwa amemwambia habari zake. Habari hizo zilipofika London zilipingwa, na W. D. Cooley, mjuzi wa ramani ambaye hakupata kuzikanyaga nchi hizi, alizihesabu habari za theluji karibu na ikweta kuwa hadithi tupu. Haikuwa mpaka Joseph Thomson alipopita mwaka 1883 ndipo shaka zilipokwisha. Kivoi hakungoja siku hiyo, kwa kuwa aliuawa mwaka 1851 karibu na mto Tana, msafara wake uliposhambuliwa na wanyang'anyi, naye Krapf akaponea chupuchupu. Yamfaa mtu aliyesoma akumbuke jambo hilo kila anapotaka kuliita neno la mzee upuuzi.

Na yupo Syokimau, nabii mwanamke, ambaye husimuliwa kwamba alitabiri kuja kwa nyoka mrefu atoaye moto na moshi, atakayelala kutoka maji hata maji, na watu wa ngozi nyekundu kama nyama wachukuao moto mifukoni. Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896, ikafika Nairobi 1899, na Ziwa Victoria 1901. Nyoka huyo alianzia kisiwani, akapita katika nchi ya Makueni, Mtito Andei, Kibwezi na Makindu, akaenda kunywa maji ya pili. Hadithi yake haikufa pamoja na moshi wa makaa ya mawe: kituo cha reli kilichofunguliwa mwaka 2012 karibu na Nairobi kiliitwa Syokimau, na abiria wa kila siku hulitaja jina hilo wakati wa kulipa nauli, wengine pasipo kujua ni la nani.

Yamkini msomaji atasema: hayo yote ni mazuri kuyasikia, lakini mkulima atapata nini? Swali hilo ni la haki, na jibu lake ni maji.

Katika Kitui, hasa upande wa Mutomo, watu wamejenga kuta fupi juu ya miamba mitupu, ili mvua inyeshayo juu ya jiwe isipotee bali ikusanyike mahali pamoja. Jiwe lisiloweza kuota hata jani moja limekuwa kama paa la nyumba kubwa, na chini yake wanawake hujaza madebe. Katika vilima vya juu, msitu hupokea ukungu na mvua na kuitoa polepole katika chemchemi. Na milima ya Chyulu, iliyo mpakani mwa Makueni, huinywa mvua yake yote kupitia mawe ya volkeno. Maji hayo husafiri chini ya ardhi, yakatokeza Mzima katika Tsavo, na kutoka huko, tangu miaka ya 1950, yamepelekwa kwa bomba hadi Mombasa. Basi mtu wa Mombasa anywapo maji hayo, kisiwa cha bahari kimenyweshwa na kisiwa cha nchi kavu.

Sasa, ni nani aliyeilinda miti ya vilima hivyo kabla hapajawa na askari wa misitu? Ilikuwa hadithi. Kila upande wa Ukambani ulikuwa na mathembo, yaani mahali pa kutolea sadaka, penye mitini mikubwa ambayo haikukatwa na mtu. Wazee walisema kwamba aimu, roho za waliokufa, wanakaa hapo. Mwenye shoka alipita mbali. Chini ya miti hiyo mara nyingi palikuwa na unyevu au kijito. Mtu wa leo, aliyesoma na kubatizwa, haogopi aimu, na hapana wa kumlaumu kwa hilo, kwa kuwa hofu hiyo iliwaletea wengi taabu pia. Lakini hofu ilipoondoka, mahali pake hapakuwekwa kitu. Mwenye shoka hakupita mbali tena. Mti ukawa makaa, gunia likasimamishwa kando ya barabara, na chemchemi ikapungua. Jiwe nalo, likiisha kukosa jina na kisa chake, huonekana kuwa kokoto tu ya kupondwa na kuuzwa kwa lori.

Wapo watu wa namna mbili wanaobishana juu ya jambo hili, na wote wana sehemu ya haki. Wa kwanza husema kwamba ngano za zamani ni giza, na heri zisahauliwe. Wa pili husema kwamba kila kitu cha wazee ni chema, na kilichoharibu nchi ni shule. Wa kwanza asahau kidogo kidogo, ataona kwamba mtoto wake anakijua kisiwa cha Crusoe, wala hajui kwa nini babu yake hakukata miti ya Nzaui. Wa pili naye na akumbuke kwamba ilikuwa shule iliyompa John Mbiti kalamu. Mbiti alizaliwa Mulango katika Kitui mwaka 1931, akawa mwanachuoni wa dini mwenye sifa duniani, akafa mwaka 2019. Na kati ya kazi zake imo mkusanyo wa hadithi za Wakamba uliochapwa mwaka 1966. Kabla yake, Msweidi Gerhard Lindblom alikaa Ukambani mwaka 1911 na 1912, akaandika ngano, vitendawili na methali ambazo zilichapwa kati ya miaka 1928 na 1935. Kama watu hao wawili wasingaliandika, visa vingi vya sungura na vya jitu lile limezalo watu, ambalo kidole chake kikikatwa waliomezwa hutoka wakiwa hai, vingalikuwa vimezikwa pamoja na wasimulizi wake.

Walakini mtu mmoja au wawili hawatoshi kwa vilima vyote. Mumoni ina visa vyake, na Mutito vyake, na Endau vyake, na Kilungu vyake. Vingi vinajulikana na bibi mmoja tu, ambaye wajukuu humwita susu, naye hukaa kando ya moto jioni pasipo mtu wa kumwuliza. Zamani hakuhitaji kuulizwa, kwa kuwa watoto walimzunguka wenyewe wakingoja ugali uive. Siku hizi watoto wako bweni, au macho yao yako kwenye simu, na mama yao yuko Nairobi kazini. Hadithi haifi kwa kukatazwa. Hufa kwa kukosa msikilizaji jioni moja, kisha jioni ya pili.

Kazi ya kuziokoa haihitaji fedha nyingi. Mwalimu aweza kuwaambia wanafunzi wake waache kisiwa cha kitabuni kwa juma moja, kila mmoja aende akaulize jina la kilima kilicho karibu na kwao, kwa nini kiliitwa hivyo, ni nani aliyekaa hapo kwanza, ni kitu gani kisichofanywa juu yake, na maji yake yanatokea wapi. Karani aweza kuandika katika daftari jina la msimulizi, kijiji chake na tarehe, asibadili maneno kwa kuona haya, wala asiongeze mapambo. Kamati ya maji aweza kuambiwa kisa cha chemchemi kabla ya kupimwa bomba, maana mara nyingi mzee ajuaye kisa ndiye ajuaye pia mwaka ilipokauka na mwaka iliporudi. Na mahali ambapo zamani palilindwa na aimu, wenyeji waweza kukubaliana palindwe na sheria yao wenyewe, wakipaita kwa jina lile lile la kale, ili mtoto akiuliza sababu ya jina apewe kisa, na pamoja na kisa apewe mche wa kupanda.

Njaa ya Ngomanisye, iliyowapiga Wakamba mwishoni mwa karne ya 19, wakati ule ule reli ilipokuwa ikipita, husimuliwa bado katika nyumba nyingi: ni nani aliyekimbilia kilima gani, ni chemchemi ipi haikukauka. Wazee hawakuyasimulia hayo kwa kujifurahisha tu. Walikuwa wakiwapa watoto ramani ya nchi yao, iliyochorwa kwa maneno, ya kutumiwa siku mvua itakapokosa tena. Na katika Kitui na Makueni mvua hukosa. Atakayejua siku hiyo kisiwa chake kiko wapi ni yule aliyesimuliwa.